Naomba ushauri: vitabu vitano vya kujifunzia Biblia, na fedha ya viwili tu

Mzee wa Usharika, Njombe

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa.

Mimi ni mzee wa kanisa katika usharika wa Kilutheri mkoani Njombe, na kwa miaka sita sasa nimekuwa nikihubiri kwa zamu katika mtaa wetu, Jumapili ambazo mchungaji anahudumu mitaa mingine. Sikupitia chuo cha Biblia. Ninayo Biblia ya Union, ninayo Habari Njema, ninayo itifaki ya Kiswahili, yaani kitabu cha orodha ya maneno ya Biblia na mistari yanamopatikana, ambayo jalada lake limekwisha kuachia, na Kiingereza ninakisoma polepole, kamusi ikiwa kando.

Mchungaji mmoja mstaafu anahamia kwa mwanawe na anauza vitabu vyake. Vilivyobaki ambavyo naona ningeweza kuvitumia ni vitano: itifaki kubwa ya Strong, kamusi ya Kigiriki ya Thayer, ufafanuzi wa Matthew Henry uliofupishwa kuwa juzuu moja, kamusi ya kitheolojia ya Kittel, nayo ni ile iliyofupishwa kuwa juzuu moja, na kitabu chembamba cha Derek Kidner juu ya Mithali. Akiba yangu inatosha vitabu viwili kati ya hivyo, ama niviache vyote niagize Africa Bible Commentary, ambayo nimeisikia ikisifiwa.

Sababu ya kuuliza sasa ni hii. Usharika wetu umeandaa mpango wa maendeleo wa miaka mitano, na mstari wake ni Mithali 29:18, "Pasipo maono, watu huacha kujizuia." Mgeni aliyetufungulia semina ya mpango huo alinukuu mstari kwa maneno "watu huangamia", akasema kwamba katika Kiebrania maono ni picha ya kesho ambayo kiongozi anaiona moyoni mwake, na kwamba usharika usio na mpango wa maandishi utakufa. Watu walifurahi sana. Mimi nilirudi nyumbani nikafungua Union, nikakuta hakuna "huangamia". Nikafungua itifaki chini ya "maono", nikakuta maono ya Isaya, maono ya Obadia, na mengine ya namna hiyo, ambayo sikuona kama yanafanana na mpango wa kujenga nyumba ya mchungaji na kununua mashine ya kusaga.

Baada ya wiki tatu zamu ni yangu, na nimepangiwa kuhubiri mstari huo huo. Sitaki kumvunjia heshima mgeni wetu, lakini zaidi sana sitaki kusimama madhabahuni nikasema neno ambalo Biblia haikulisema. Nisaidieni: ninunue kipi, na mtu anayejua angekitumiaje kwa mstari huu mmoja?

Mkufunzi wa Agano la Kale

Amina, Mzee wangu, asifiwe. Nimefundisha Agano la Kale katika chuo cha Biblia kwa miaka mingi, na naomba nianze na jambo ulilolifanya kabla ya kununua chochote, kwa kuwa lina thamani kuliko vitabu vyote vitano: ulisikia andiko likinukuliwa, ukarudi kulisoma, ukaona tofauti, na hukuifumbia macho. "Huangamia" aliyoitaja mgeni wenu imetoka katika Biblia ya Kiingereza ya Mfalme James ya 1611. Hapa Union yetu iko karibu zaidi na Kiebrania kuliko hiyo.

Itifaki yako ya Kiswahili ni chombo kizuri, ila ina mpaka ambao lazima uujue. Inakusanya maneno ya Kiswahili, haikusanyi maneno ya Kiebrania yaliyo nyuma yake. Ukitafuta "maono" utafika Isaya 1:1, lakini hutafika 1 Samweli 3:1, ambako Union inasema neno la Bwana lilikuwa adimu siku zile na "hapakuwa na mafunuo dhahiri". Neno la Kiebrania ni lile lile, hazoni, isipokuwa watafsiri wetu waliliita maono mahali pamoja na mafunuo mahali pengine. Strong alitatua tatizo hilo mwaka 1890. Alikuwa mwalimu katika chuo cha Drew, New Jersey, Marekani, na itifaki yake ililipa kila neno la Kiebrania na la Kigiriki namba yake, ili hata asiyejua herufi za lugha hizo aweze kulifuata neno moja katika Biblia nzima. Hazoni ni namba 2377. Ukiifuata namba hiyo utakuta neno hilo limetumika mara 35 katika Agano la Kale, na katika kitabu cha Mithali ni mara moja tu, hapo hapo penye mstari wako.

Zisome zote 35, kila moja pamoja na sura yake, usikimbilie kamusi. Utakutana na manabii mwanzo hadi mwisho: ujumbe ambao Mungu anampa mtu ili awapelekee watu. Ukifika Yeremia 23:16, tulia hapo kwa muda mrefu, kwa maana Bwana anawakemea manabii ambao "hunena maono ya mioyo yao wenyewe". Maelezo kwamba hazoni ni picha anayoiona kiongozi moyoni mwake yanagongana moja kwa moja na mstari huo. Hapo utakuwa umepata jibu kutoka katika Maandiko yenyewe, na hakuna mtu katika usharika atakayeweza kusema kwamba ni maoni ya mzungu fulani au ya mkufunzi fulani.

Sasa nikutahadharishe juu ya Strong hiyo hiyo. Nyuma ya kitabu kuna kamusi fupi, na kila neno linafuatiwa na orodha ya maneno ya Kiingereza. Wengi hudhani orodha hiyo ni maana za neno. La hasha: ni orodha ya namna watafsiri wa Mfalme James walivyolitafsiri neno hilo mahali mbalimbali, kila pahali kwa mazingira yake. Chukua kitenzi kilichotafsiriwa "huacha kujizuia", yaani para, namba 6544. Orodha yake ina kulipiza kisasi, kuepuka, kuacha uchi, kurudi nyuma, kudharau, kuangamia, kukataa, kufunua. Mhubiri asiyeangalia anaweza kuchagua "kufunua" na kujenga mahubiri mazima kwamba pasipo maono siri za watu hufunuliwa, naye ataapa kwamba ameyatoa katika Kiebrania. Kinachofaa ni kuangalia mahali ambapo kitenzi kinafanya kazi. Katika Kutoka 32:25 kinatumika kwa Waisraeli waliokuwa wameachiliwa na Haruni mbele ya ndama ya dhahabu, wakati Musa yuko mlimani na neno la Mungu halisikiki kambini. Katika Mithali 13:18 na 15:32 kinatumika kwa mtu anayekataa mafunzo. Weka hayo pamoja na nusu ya pili ya mstari wako, "Bali ana heri mtu yule aishikaye sheria", ambayo wahubiri wengi hawaisomi kamwe, na utaona kwamba mstari unazungumza juu ya watu waliokosa neno la Mungu hata wakawa kama mifugo isiyo na mchungaji.

Nikuongezee jambo ambalo itifaki haitakupa, bali ufafanuzi mzuri wa kitaalamu utakupa. Wayahudi waliotafsiri Mithali kwa Kigiriki kabla ya Kristo waliusoma mstari huu kwa namna yao: taifa lisilo na sheria halitakuwa na mfafanuzi. Neno walilotumia ni eksegetesi, mtu anayewaeleza wengine maana ya jambo. Kila mwaka ninapofika hapo darasani huwa nasimama kidogo, kwa kuwa tangu zamani zile kuna waliosikia ndani ya mstari huu kilio cha watu wasio na wa kuwafafanulia neno.

Kuhusu ununuzi, ushauri wangu ni huu. Strong haina tena hakimiliki na imo bure katika programu nyingi za simu, nyingine zikifanya kazi bila mtandao, kwa hiyo usiitolee fedha. Mnunue Kidner. Kitabu chake ni cha 1964, ni chembamba, lakini aliyekiandika alikijua Kiebrania vizuri, na mwanzoni ameweka mafunzo ya mada kama mpumbavu, mvivu, rafiki, na maneno ya kinywa, ambayo yatakusaidia kuhubiri Mithali kwa miaka mingi. Wapo wakubwa zaidi yake, Bruce Waltke aliyetoa juzuu mbili mwaka 2004 na 2005, na Michael Fox aliyetoa zake mwaka 2000 na 2009, lakini hao wasome maktabani siku ukipita Makumira au chuo kingine chenye maktaba nzuri. Fedha itakayobaki iweke kwa ajili ya Africa Bible Commentary. Ilitoka 2006 chini ya uhariri wa Tokunboh Adeyemo wa Nigeria, imeandikwa na wasomi 70 wa Kiafrika, Injili ya Yohana ikiwa imefafanuliwa na Samuel Ngewa wa Kenya, na ndani yake mna makala juu ya mambo ambayo vitabu vya Ulaya haviyagusi, kama uchawi, mizimu na ukabila.

Matthew Henry muache. Alikuwa mtu wa Mungu, lakini aliandika mwanzoni mwa karne ya 18, na Mithali ni kitabu ambacho elimu yake imebadilika sana tangu hapo. Mfano mmoja unatosha. Mithali 22:20 katika Union inasema, "Je! Sikukuandikia mambo yaliyo bora". Neno hilo la Kiebrania liliwasumbua wafafanuzi kwa karne nyingi. Kisha hati ya Kimisri iliyoko British Museum, mafundisho ya Amenemope, ilichapishwa mwaka 1923, na mwaka uliofuata Adolf Erman akaonyesha jinsi sehemu hii ya Mithali inavyofanana nayo. Mafundisho hayo ya Kimisri yana sura 30. Leo wafafanuzi wengi wanalisoma neno hilo kama "thelathini", misemo thelathini ya wenye hekima. Matthew Henry asingeweza kulijua hilo hata kama angesali usiku kucha.

Mchungaji, Mbeya

Mwalimu, nakubaliana na wewe karibu katika yote, ila kwa Matthew Henry naomba nisimame upande wake. Aliandika akiwa mchungaji wa usharika huko Chester, Uingereza, akihubiri kila wiki, na alipofariki mwaka 1714 alikuwa amefika mwisho wa Matendo ya Mitume, wachungaji wenzake wakamalizia sehemu iliyobaki. Kila ukurasa wake unamwuliza msomaji jambo juu ya maisha yake mwenyewe. Vitabu vingi vya kitaalamu nilivyovisoma chuoni vilinifundisha nini kimeandikwa na lini, kisha vikaniacha mlangoni mwa mimbari sina la kumwambia mjane aliyekaa benchi la mbele.

Sisemi mzee aanze naye. Nasema amfungue mwisho, Jumamosi usiku, akishajua andiko linasema nini. Hata hivyo naye anapatikana bure kwenye simu, tena mzima na si muhtasari, kwa hiyo juu ya fedha Mwalimu hajakosea.

Mtafsiri wa Biblia

Shikamoo Mzee, na shikamoo Walimu wangu. Ninafanya kazi katika mradi wa kutafsiri Agano Jipya kwa lugha mojawapo ya nyanda za juu, na vitabu viwili ambavyo hamjavigusa, Thayer na Kittel, ndivyo ninavyovifahamu zaidi, kwa sababu vyote viwili vimeshawahi kunipoteza.

Thayer alikuwa bora kwa wakati wake. Toleo lake lililosahihishwa ni la 1889. Miaka michache baadaye, kuanzia 1895, Adolf Deissmann alianza kuonyesha kwamba Kigiriki cha Agano Jipya ni kile kile kilichoandikwa katika barua, risiti na mikataba ya watu wa kawaida, na mwaka 1896 Grenfell na Hunt wakaanza kuchimba Oxyrhynchus, Misri, wakatoa hati za kale za mafunjo kwa maelfu. Maneno mengi ambayo zamani yalidhaniwa kuwa ya Biblia peke yake yalionekana sokoni na shambani. Thayer hana hayo. Kamusi ambayo wasomi wa Agano Jipya wanaitegemea leo ni ya Bauer iliyohaririwa na Danker, toleo la tatu la mwaka 2000, nayo bei yake ni kubwa mno kwa mtu mmoja. Ni kitabu cha kuombea maktaba ya dayosisi.

Kittel inahitaji maelezo zaidi. Kazi kamili ilianza kutoka Ujerumani mwaka 1933 na ilichukua miaka mingi. Kwa Kiingereza ni juzuu kumi, na hiyo ya juzuu moja ni muhtasari wa 1985. Ina elimu nyingi sana, hilo nalikiri. Lakini mwaka 1961 James Barr, mwana wa Scotland, alionyesha kasoro kubwa katika namna ilivyojengwa: inachukua neno, inakusanya kila wazo la kitheolojia lililowahi kuhusishwa nalo, kisha msomaji anaachwa akidhani kwamba neno hilo linabeba mzigo wote huo kila linapotokea. Sisi wasemaji wa Kiswahili tunaweza kuliona kosa hilo kwa urahisi. Tunapiga simu, tunapiga picha, tunapiga mswaki, tunapiga magoti, tunapiga hodi. Mgeni akiandika kamusi na kusema kwamba Mswahili anapopiga magoti ndani yake kuna wazo la kuichapa ardhi, tutamsikitikia. Ndivyo tunavyowafanyia mitume.

Mfano ambao Mzee amekwisha kuusikia, naamini, ni Yohana 21. Wahubiri wengi wanafundisha kwamba Yesu alimwuliza Petro juu ya agape, upendo wa Mungu, na Petro akajibu kwa fileo, upendo wa kirafiki tu. Nami niliufundisha, na niliumia nilipogundua kwamba Yohana mwenyewe hatenganishi hivyo. Katika Yohana 3:35 Baba anampenda Mwana kwa kitenzi cha agape, na katika 5:20 Baba yule yule anampenda Mwana yule yule kwa fileo. Dema aliyemwacha Paulo "akiupenda ulimwengu huu wa sasa", 2 Timotheo 4:10, anapenda kwa kitenzi cha agape. Na katika Agano la Kale la Kigiriki, 2 Samweli 13, tamaa ya Amnoni kwa Tamari imeitwa kwa jina hilo hilo. Union ilipoandika "wanipenda" mara zote tatu haikupunguza kitu.

Lingine juu ya Kittel, nalo si dogo. Mhariri wake wa kwanza, Gerhard Kittel, alijiunga na chama cha Nazi mwaka 1933 na aliandika dhidi ya Wayahudi wa wakati wake. Wachangiaji walikuwa wengi na si wote walifikiri kama yeye, lakini msomaji anayekutana na maelezo ya dharau juu ya dini ya Kiyahudi katika juzuu za mwanzo anapaswa kujua yaliandikwa wapi na lini. Mtu asiyekuwa na mwalimu wa kumwonyesha mambo hayo, sitamshauri aanze na kitabu hicho.

Kwa hiyo Mzee, namuunga mkono Mwalimu: Kidner, kisha Africa Bible Commentary. Na kwa Agano Jipya nakuomba uzitazame alama ambazo Biblia yako inazo tayari. Union imeuweka Matendo 8:37 ndani ya mabano. Mabano hayo ni ufafanuzi mfupi kabisa: yanakuambia kwamba nakala kuu za kale, kama Sinaitiko na Vatikano za karne ya 4, hazina mstari huo, ingawa askofu Irenayo wa karne ya 2 anaifahamu sehemu yake. Ukitaka sababu za wahariri wa maandishi ya Kigiriki kwa kila mahali pa namna hiyo, Bruce Metzger aliziandika katika kitabu kimoja mwaka 1971, na toleo la pili likatoka 1994.

Katekista, Tabora

Tumsifu Yesu Kristo.

Naongeza kwa ufupi kwa ajili ya Wakatoliki wanaosoma mazungumzo haya, maana vitabu vilivyotajwa vina pengo kwetu. Strong imefuata Biblia isiyo na Tobiti, Yudithi, Hekima, Yoshua bin Sira, Baruku na vitabu viwili vya Wamakabayo, na Africa Bible Commentary nayo inafafanua vitabu 66 tu. Anayesoma Mithali kwa kina atamkosa sana bin Sira, aliyetembea katika njia ile ile ya hekima. Kwetu kitabu cha msingi cha kitaalamu ni ule ufafanuzi wenye jina la Mtakatifu Yeronimo, toleo la 1990, uliohaririwa na Brown, Fitzmyer na Murphy. Na kilicho karibu na mikono ya watu wengi ni African Bible ya Paulines, Nairobi, 1999, yenye utangulizi na tanbihi kwa kila kitabu.

Wako wanaodhani kwamba kuchunguza Kiebrania na Kigiriki ni kazi ya ndugu zetu Waprotestanti. Papa Pius XII, katika waraka wake Divino afflante Spiritu wa mwaka 1943, aliwahimiza wasomi wa Kanisa kurudi kwenye lugha za asili, na Mtaguso wa Vatikano wa Pili ukakazia jambo hilo mwaka 1965 katika hati yake Dei Verbum. Mzee wa Njombe, ninakuombea.

Mzee wa Usharika, Njombe

Milele amina, ndugu Katekista. Na marahaba, binti yangu. Nimewasoma nyote mara mbili, mara ya pili nikiwa na daftari.

Kijana wangu wa sekondari ameniwekea Strong kwenye simu. Jioni tatu mfululizo nimefuata namba 2377, na nimefika zote 35. Yeremia 23:16 nimeisoma nikanyamaza. Lakini nimekutana na jambo ambalo naomba Mwalimu anifafanulie. Mgeni wetu alitumia pia Habakuki 2:2, "Iandike njozi ukaifanye iwe wazi sana katika vibao", akasema ndiyo sababu mpango lazima uandikwe. Katika itifaki yangu mstari huo hauko chini ya maono wala mafunuo, na kwenye simu namba yake ni 2377 vile vile. Je, hapo si anaamriwa kuandika mpango? Tena, nikisema kwamba hazoni ni neno la Mungu kwa nabii, je, nitakuwa nimeuvunja mpango wa usharika ambao wazee wenzangu wameutolea jasho, na ambao mimi mwenyewe niliupigia kura?

Mkufunzi wa Agano la Kale

Mzee, umefanya kazi ambayo baadhi ya wanafunzi wangu wa diploma hunikabidhi wakiwa wameinakili kwa wenzao. Umeona vizuri: neno moja la Kiebrania, na Union imelipa majina matatu, maono, mafunuo, njozi. Kila jina lina uzuri wake mahali pake, lakini msomaji wa Kiswahili peke yake hawezi kujua kwamba ni neno moja.

Soma Habakuki 2:3 mara tu baada ya 2:2. Njozi hiyo ni ya wakati ulioamriwa, na nabii anaambiwa kwamba ijapokawia, aingojee. Mtu hungojea ahadi aliyopewa na mwingine. Mpango wake mwenyewe huutekeleza. Anachoandika Habakuki ni jibu la Mungu kwa malalamiko aliyoyatoa katika sura ya 1 juu ya jeuri na dhuluma, na kiini cha jibu hilo kiko katika 2:4, mwenye haki ataishi kwa imani yake. Paulo alijenga juu yake Warumi 1:17, nawe kama Mlutheri unajua mstari huo ulimfanyia nini Martin Luther. Ni utajiri mkubwa mno kuugeuza kuwa agizo la kuandaa kabrasha.

Juu ya mpango wa usharika, usiuvunje, wala hauna haja ya kuvunjwa. Mithali inazo aya zake za mipango, na hizo zinasema waziwazi: 16:3, "Mkabidhi Bwana kazi zako, na mawazo yako yatathibitika", 16:9, moyo wa mtu huifikiri njia yake, 21:5, mawazo ya mwenye bidii. Mpango wenu una maandiko ya kuusimamia, na mstari wa 29:18 una kazi nyingine.

Kuna jambo moja ambalo wafafanuzi hawajakubaliana, na ni haki ulijue kabla ya kusimama. Wengine wanasema "sheria" katika nusu ya pili ni Torati ya Musa, ili mstari uweke pamoja manabii na Torati. Wengine wanasema katika Mithali neno hilo mara nyingi ni mafundisho ya mzazi au ya mwenye hekima, kama 1:8, "sheria ya mama yako", na kwamba hapa pia linaweza kuwa hivyo. Mimi naegemea upande wa kwanza, kwa sababu hazoni imewekwa sambamba nayo. Ukimpata Kidner kabla ya zamu yako, soma anavyoufafanua mstari huu, kisha upime mwenyewe kwa zile 35 ulizoandika katika daftari.

Mzee wa Usharika, Njombe

Nashukuru, Mwalimu. Leo asubuhi nimekwenda kwa mchungaji mstaafu nikamnunua Kidner. Ndani yake kuna maandishi ya penseli kila ukurasa, na pembeni mwa 29:18 ameandika kwa mkono wake "1 Sam. 3". Nilipomwonyesha daftari langu alivaa miwani akazisoma zote, kisha akaniomba nimwachie hadi jioni ili azinakili.